Muhogo Mchungu Kabla ya Simba wa Vita: Rashidi Kawawa na Mwanzo wa Filamu ya Kiswahili

Utangulizi

Historia inamjua Rashidi Mfaume Kawawa kwa vyeo vyake. Alizaliwa Songea mwaka 1926, akasoma Tabora, na mwaka 1955 akawa katibu mkuu wa kwanza wa Shirikisho la Vyama vya Wafanyakazi la Tanganyika. Januari 1962, Nyerere alipojiuzulu, Kawawa alishika nafasi ya Waziri Mkuu. Baada ya Muungano wa 1964 alikuwa Makamu wa Pili wa Rais, na kuanzia 1972 hadi 1977 akawa Waziri Mkuu kwa mara nyingine. Alipofariki tarehe 31 Desemba 2009, alizikwa kama mwanasiasa, na jina alilopewa na wananchi, Simba wa Vita, lilitajwa katika kila tanzia. Jina lililolitangulia halikupata nafasi hiyo. Mwaka 1952 Kawawa alikuwa mhusika mkuu wa filamu ya Kiswahili iitwayo Muhogo Mchungu, mojawapo ya filamu za kwanza za hadithi kutengenezwa Tanganyika kwa lugha hiyo. Hata jina la filamu hiyo sasa linawakumbusha watu mchekeshaji mwingine kabisa, Abdallah Mkumbila, aliyelitumia kama jina lake la usanii katika michezo ya televisheni.

Wanapoutaja uigizaji huu, waandishi huufanya kituko cha ujana: waziri mkuu aliyewahi kuchekesha watu. Makala haya yanauchukulia kuwa kazi ya sanaa inayostahili kuhakikiwa kwa vigezo vyake yenyewe, na yanauangalia kutoka ng'ambo ya Ziwa Tanganyika, katika uwanda wa Ruzizi, upande wa Uvira. Mkabala huo una sababu yake. Katika miaka hiyohiyo Kongo ya Wabelgiji nayo ilikuwa na wachekeshaji wake wa sinema, lakini walifanya kazi katika mazingira yaliyowanyima jambo moja ambalo Kawawa alilipata, yaani sauti. Ulinganisho huo unaonyesha thamani ya alichokifanya, na pia mipaka yake.

Filamu na mazingira yake

Muhogo Mchungu haikuanzia patupu. Kati ya 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, lilifanyika jaribio la sinema za elimu lililosimamiwa na L. A. Notcutt na G. C. Latham. Jaribio hilo lilizaa filamu 35 kuhusu kilimo, afya, kodi na akiba. Mwaka 1939 Uingereza iliunda Kitengo cha Filamu cha Makoloni, na William Sellers, aliyekuwa na uzoefu wa kuonyesha sinema Nijeria, akakipa nadharia yake. Nadharia hiyo ilidai kwamba Mwafrika asiyesoma hana jicho la sinema. Kwa hiyo picha iende polepole, kamera isihamehame, wakati usirukwe, na jambo moja lisemwe kwa mara moja. Upande wa Wabelgiji, L. Van Bever alitoa ushauri unaokaribiana sana na huo katika kitabu chake kuhusu sinema kwa Waafrika, kilichochapishwa Brussels mwaka 1952, mwaka uleule wa Muhogo Mchungu.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya Tanganyika ilijaribu njia tofauti kidogo. Kwa kushirikiana na kampuni ya Afrika Kusini, African Film Productions, zilitengenezwa filamu za hadithi na za kuchekesha, zenye waigizaji Waafrika wanaozungumza Kiswahili. Majina ya baadhi ya filamu za miaka hiyo yanaeleza mengi yakisomwa pamoja: Meli Inakwenda, Mgeni Mwema, Chalo Amerudi. Ni majina ya safari, ugeni na marejeo. Jamii inayosawiriwa ni jamii iliyo njiani, na swali linaloisumbua serikali ni nani aende mjini, akae huko kwa mwenendo gani, na lini arudi alikotoka.

Muhogo Mchungu imo ndani ya swali hilo. Ni vichekesho kuhusu mtu wa shamba anayefika Dar es Salaam. Muundo huo wa hadithi ulikwisha kujulikana Afrika Kusini kupitia filamu ya Donald Swanson ya 1949, Jim Comes to Jo'burg, ambamo kijana wa kijijini anaingia Johannesburg, anaporwa, na hatimaye anainuka kwa kuimba. Kwa hiyo kiunzi cha hadithi kilikuwa tayari, na dhamira yake ilikuwa imekwisha kuamuliwa na wengine. Kilichobaki kwa mwigizaji ni namna ya kukijaza. Uhakiki wa Kawawa lazima uanzie hapo, kwa kuwa mwigizaji wa filamu ya kikoloni hakuchagua hadithi, hakuandika sheria za kamera, wala hakumiliki filamu. Alichomiliki ni mwili wake, ulimi wake na akili yake juu ya vyote viwili.

Jina na uchungu wake

Jina la filamu linastahili kutazamwa kabla ya mengine. Kwa msomaji wa Ulaya, muhogo mchungu ni chakula kibaya. Kwa msomaji wa Bwegera, kwenye barabara inayotoka Uvira kuelekea Kamanyola na Bukavu, maana haiishii hapo. Katika uwanda huo, kama katika sehemu kubwa ya Kivu na Tanganyika ya magharibi, muhogo ndio msingi wa ugali, au bugali kama unavyoitwa huko. Mkulima anajua kuwa muhogo mchungu una sumu. Anajua pia kwamba mara nyingi hapandi muhogo huo kwa bahati mbaya, kwa kuwa uchungu uleule unauhifadhi shambani dhidi ya wanyama waharibifu. Muhogo huo hautupwi. Hulowekwa majini siku kadhaa, huanikwa juani, hutwangwa, na hutoa unga mzuri.

Jina hili basi lina maana mbili zinazovutana. Kwa upande wa serikali iliyogharimia filamu, mtu wa shamba ni muhogo mbichi: anatoka ardhini na sumu yake, na inafaa alowekwe katika mafunzo ya idara ya ustawi wa jamii kabla hajaliwa na mji. Kwa upande wa watazamaji wanaoujua muhogo kwa mikono yao, uchungu ni kinga pia. Anayemeza muhogo mchungu pasipo kuujua ndiye anayedhurika. Mjanja wa mjini anayefikiri amempata mshamba wa kumla huenda ndiye atakayeugua. Kiswahili kina methali inayobeba hofu hiyo ya mwerevu: mjinga akierevuka, mwerevu yu mashakani.

Si lazima kudai kwamba watengenezaji walikusudia maana hii ya pili. Lugha huleta mizigo yake bila kuulizwa, na hilo ndilo jambo ambalo nadharia ya Sellers haikulihesabu. Inaweza kupunguza kasi ya kamera, lakini haiwezi kupunguza maana za neno la Kiswahili katika kichwa cha mtu anayeishi ndani ya lugha hiyo.

Msomi katika nafasi ya mshamba

Mvutano huo unazidi anapotazamwa mwigizaji mwenyewe. Mtu aliyewekwa mbele ya kamera kuigiza ujinga wa mji hakuwa mjinga wa mji. Kawawa alikuwa amepita Tabora, shule ya serikali iliyoandaa watumishi na machifu wa kesho, na alikuwa mtumishi wa serikali katika kazi za maendeleo ya jamii. Alizijua ofisi za Dar es Salaam na namna mtu mweusi alivyopokewa ndani yake. Kumwigiza mshamba kulimtaka ayaweke kando aliyoyajua, kisha ayatumie kwa siri, kwa kuwa mtu hawezi kukosea kwa kuchekesha jambo asilolijua barabara. Mchekeshaji anayejikwaa ngazini ni yule anayejua hasa ngazi ilipo.

Hapa ndipo uigizaji wa vichekesho unapojitenga na filamu ya mafunzo. Katika filamu ya mafunzo mwigizaji ni mfano tu, mkulima mzuri au mkulima mbaya, na anaweza kubadilishwa na mwingine pasipo hasara. Katika vichekesho mwigizaji hawezi kubadilishwa. Watu hawacheki kosa kwa jumla. Wanacheka jinsi mtu fulani anavyokosea, mshangao wake, ukaidi wake, heshima anayojaribu kuilinda wakati kila kitu kinamwendea kombo. Mara watazamaji wanapoanza kumpenda anayekosea, fundisho hupoteza nguvu. Lilikusudiwa kusema "usiwe kama huyu", lakini kicheko kinaongeza kwa sauti ya chini kwamba huyu ni mwenzetu.

Kuna kisa kilichosambaa sana katika masomo ya mawasiliano baada ya Marshall McLuhan kukinukuu mwaka 1962 kutoka kwa John Wilson. Wanakijiji wa Afrika walionyeshwa filamu fupi kuhusu usafi na kuondoa maji yaliyotuama. Walipoulizwa waliona nini, walijibu kwamba waliona kuku. Kuku huyo alikuwa amepita kwenye pembe ya picha kwa nukta chache, na watengenezaji hawakumtambua mpaka walipoitazama filamu upya. Kisa hiki kimezoeleka kutolewa kama ushahidi wa udhaifu wa mtazamaji. Kinaweza kusomwa kinyume chake. Mtazamaji alichagua kitu kilicho hai ndani ya picha iliyojaa amri. Mchekeshaji katika filamu ya serikali ni kama kuku huyo, ila tofauti ni kwamba yeye anajua kuwa anapita.

Kutoka ng'ambo ya ziwa: swali la sauti

Upande wa Kongo masharti yalikuwa makali zaidi. Tangu 1936 mtu hakuruhusiwa kupiga filamu katika koloni bila kibali cha serikali, na tangu 1945 Waafrika waliruhusiwa kutazama zile tu zilizopitishwa na kamati ya udhibiti kwa ajili yao. Sehemu kubwa ya kazi ya sinema kwa Wakongo ilishikwa na wamisionari. Huko Luluabourg, ambako sasa ni Kananga, Padri Albert Van Haelst alitengeneza mfululizo wa vichekesho vya Matamata na Pilipili, jozi iliyofanana na Laurel na Hardy, na kila kisa kiliishia kwa fundisho la mwenendo mwema. Padri Alexandre Van den Heuvel alitoa filamu za michoro kuhusu Mboloko, paa mjanja wa hadithi za jadi. Wakongo wenyewe walipenya kwa shida. Albert Mongita alionyesha filamu yake ya somo la sinema mwaka 1951 huko Léopoldville, na mchekeshaji Emmanuel Lubalu alitoa filamu yake kuhusu matairi yaliyojazwa upepo mwaka 1953. Mongita na Lubalu wanapaswa kukumbukwa pamoja na Kawawa: ni watu wa rika moja la sanaa, waliofanya kazi katika kipindi cha miaka mitatu.

Tofauti yao kubwa imo katika sauti. Kongo ilikuwa na lugha nyingi, na Wabelgiji hawakutaka filamu moja ifungwe katika lugha moja. Filamu nyingi za kimisheni zilipigwa pasipo mazungumzo ya waigizaji, kisha maneno yalitolewa na msimulizi aliyesimama kando ya kitambaa cha sinema, akieleza kwa lugha ya mahali. Mpango huo ulikuwa na faida ya kiutendaji isiyokanushika. Katika mahali kama Bwegera, ambapo Kifuliiru, Kirundi na Kiswahili husikika katika soko moja, msimulizi angeweza kuchagua lugha, kuichanganya, au kuhama kutoka moja hadi nyingine kadiri hadhira ilivyodai.

Kwa mwigizaji, hata hivyo, mpango huo ulikuwa na gharama. Mwili ulikuwa wake, na maana ya mwili huo ilitamkwa na mtu mwingine. Matamata angeweza kufanya ishara ya dharau kwa bwana wake, na msimulizi akaieleza kuwa ni ujinga. Alichobakiwa nacho mwigizaji wa Kongo ni lugha ya viungo, na ndiyo sababu uchekeshaji wa Kongo ulikuwa mkali sana katika unene na wembamba, mwendo, uso na kuanguka. Msimulizi naye hakuwa kasuku wa padri siku zote. Alikuwa fanani aliyekabili hadhira yake ana kwa ana, na kila fanani wa Kiafrika anajua kwamba hadhira hudai chake. Kwa hiyo sauti haikufa huko Kongo. Ilihamia nje ya picha, kwa mtu ambaye jina lake halikuandikwa popote kwenye filamu.

Tanganyika ilichagua njia nyingine kwa kuwa Kiswahili kilikuwa kimekwisha kufanyiwa kazi ya kuwa lugha ya utawala na elimu, na Kamati ya Lugha ya Afrika Mashariki ilikuwa ikikisanifisha tangu 1930. Filamu iliweza kuzungumza, ikaeleweka kutoka pwani hadi Kigoma. Katika Muhogo Mchungu mwigizaji Mwafrika anatamka maneno yake mwenyewe kwa kinywa chake, kwa lafudhi yake, kwa kasi yake. Hilo ni jambo kubwa kuliko linavyoonekana leo. Kiswahili kilichozoeleka kwenye matangazo na mabango ya serikali kilikuwa Kiswahili cha kuagiza: lipa, panda, chanja, hudhuria. Katika kinywa cha mhusika wa vichekesho lugha ileile inauliza njia, inabisha bei, inashangaa, inajitetea, inasema uongo mdogo. Inarudi kuwa lugha ya watu. Mafanikio ya Kawawa, na ya filamu zile kwa jumla, yapo hapo zaidi kuliko katika hadithi.

Mshamba anarudi serikalini

Uhakiki huu usiposema lolote kuhusu mwendelezo wa hadithi hiyo baada ya uhuru, utakuwa umeikwepa sehemu ngumu. Kampuni ya Filamu Tanzania iliundwa mwaka 1968, na katikati ya miaka ya 1970 ikatoa Fimbo ya Mnyonge. Mhusika wake, Yombayomba, ni kijana wa kijijini anayekwenda mjini kutafuta maisha, anakatishwa tamaa, na hatimaye anauona wokovu katika kijiji cha ujamaa. Kiunzi ni kilekile cha 1952: shamba, mji, fedheha, fundisho. Serikali imebadilika, itikadi imebadilika, lakini mshamba bado ndiye mwanafunzi na dola bado ndiyo mwalimu. Na kiti cha Waziri Mkuu katika miaka hiyo, ile ya kuhamishia watu vijijini iliyofikia kilele kati ya 1973 na 1976, kilikaliwa na mtu yuleyule aliyemwigiza mmoja wa washamba wa kwanza wa filamu ya Kiswahili.

Itakuwa rahisi kumalizia hapo kwa kejeli, na kejeli hiyo itakuwa nyepesi. Kawawa hakuwa mtunzi wa hadithi ile mwaka 1952, wala hadithi za Kampuni ya Filamu hazikuandikwa ofisini kwake. Jambo la kujifunza ni la fani. Fimbo ya Mnyonge ilirithi kiunzi cha filamu ya kikoloni, ikaacha nyuma kitu kimoja kilichokuwa na thamani ndani yake, yaani kicheko. Yombayomba anahuzunisha na anaelimika. Muhogo Mchungu anachekesha, na kwa kuchekesha anabaki na uhuru fulani ambao fundisho haliwezi kuumaliza. Filamu ya serikali ya kikoloni, kwa tamaa yake ya kuwavuta watazamaji, ilimwachia mhusika nafasi ambayo filamu ya serikali ya wananchi haikumwachia, kwa kuwa ilikuwa na haraka ya kumfikisha kijijini. Huu ni ukweli usiopendeza, na uhakiki wa sanaa una wajibu wa kuusema.

Kongo ilikuja kutoa jibu lake baadaye. Mwaka 1987 Mwezé Ngangura, mzaliwa wa Bukavu, akishirikiana na Benoît Lamy, alitoa La vie est belle. Ndani yake mwanamuziki Papa Wemba anaigiza Kuru, kijana wa shamba anayeingia Kinshasa kutafuta umaarufu wa muziki na kuanza kwa kufanya kazi za nyumbani kwa tajiri. Mwaka 1998 Ngangura alitoa Pièces d'identités, iliyopata tuzo kuu ya FESPACO mwaka 1999, ambamo mfalme mzee wa Kikongo anakwenda Ubelgiji kumtafuta binti yake. Mshamba amerudi, safari hii akiwa mgeni katika mji mkuu wa mkoloni, na wenyeji ndio wanaopimwa. Kiswahili kingesema mgeni njoo, mwenyeji apone. Ngangura anauliza kama mwenyeji yuko tayari kupona. Hapo mwigizaji wa Kongo ana mwili, ana sauti, na haagizwi kurudi kwao na mtu yeyote isipokuwa moyo wake.

Hitimisho

Thamani ya uigizaji wa Kawawa haitokani na vyeo alivyovipata baadaye, na wala haipungui kwa sababu filamu ilikuwa ya wakoloni. Alipewa hadithi iliyokusudiwa kumtawala mshamba, naye akampa mshamba huyo sauti ya Kiswahili inayomfanya mtu. Ulinganisho na Kongo unaonyesha kwamba jambo hilo halikuwa la lazima. Ng'ambo ya ziwa, katika miaka ileile, kulikuwa na wachekeshaji walionyang'anywa maneno yao.

Yanafuata mambo mawili kwa vyuo vikuu. La kwanza ni kwamba mazungumzo ya filamu za awali yaingizwe katika mtaala wa fasihi ya Kiswahili pamoja na tamthilia, kwa kuwa ni miongoni mwa matini za kwanza ambamo Kiswahili cha mjini kiliigizwa na kuhifadhiwa kwa sauti. La pili linahusu upande wa Kongo, ambako matini hiyo haikubaki kwenye filamu, kwa sababu ilitamkwa na wasimulizi na kupotea hewani usiku uleule. Kinachoweza kuhifadhiwa kimo katika kumbukumbu za wazee waliokuwa watoto miaka ya 1950, katika uwanda uliolimwa pamba ya Wabelgiji, kutoka Kamanyola kupita Bwegera hadi Uvira. Mwanafunzi atakayekaa nao asiwaulize filamu iliwafundisha nini. Awaulize nani aliwachekesha, na msimulizi alisema nini alipofika mahali pale pa kuchekesha.